Wimbo wa Aliyetoa Ng'ombe

Msomaji, toleo lililopita ulimwacha Placidia kwenye kibanda cha muziki cha Yustus, senta ya Nyaishozi, ameshika mgongo wa kiti kwa mikono miwili, midomo imemkauka, na bwana harusi wake anacheka akidhani ile ni furaha.

Haikuwa furaha.

Sauti iliyokuwa ikitoka kwenye spika ilikuwa ya Cassian.

Cassian yule yule! Aliyetoweka miaka miwili iliyopita bila hata kuaga. Aliyesemekana kuvuka mpaka, akaoa Uganda, akasahau. Placidia alikuwa amemlilia mpaka machozi yakamchoka, akajilazimisha kuishi, akampata Bainomugisha, akakubali pete. Na leo, wiki moja kabla ya kuvaa shela, mtu huyo amefufuka ndani ya spika, anaimba.

"Zima," alisema.

"Shemeji, hata kiitikio bado," Yustus alilalamika.

"Nimesema zima!"

Yustus akazima. Alikuwa kijana mnene mwenye muziki wa kukodisha, na katika harusi zote alizopiga hajawahi kuona bibi harusi anayetetemeka kwa wimbo wa ng'ombe.

Maana ndivyo ulivyokuwa. Wimbo wa kumsifu ng'ombe, wa kinyumbani kabisa, hauna gitaa wala kinanda. Mwanaume mmoja, kiganja chake kikipiga paja kwa mbali, na jina la ng'ombe: Bihogo. Bihogo wa rangi ya udongo uliolowa. Bihogo niliyekunywesha kwa mikono. Nenda Bihogo, uani kwa watu kuna majani.

Ungemdanganya Placidia kwa lolote, lakini si kwa sauti hiyo. Cassian alikuwa na kigugumizi. Kumsalimia mama wa mtu tu kulimtoa jasho. Lakini mwambie aimbe, na maneno yalimwagika kama bomba limepasuka. Na jina lililomshinda kuliko yote duniani lilikuwa Placidia. "P-P-Pla," angeanza, kisha angekata tamaa, angecheka, na kumwita tu "wewe". Hakuna mtu aliyewahi kusema "wewe" vizuri kama yule.

"Huupendi?" aliuliza Bainomugisha, ambaye wote walimwita Baino. Alivua kofia yake ya pama akaishika kifuani, kama anayeomba radhi kanisani. "Najua ninyi watu wa migomba hamna habari na ng'ombe. Kwenu ng'ombe ni mbolea."

"Umeutoa wapi?"

"Kwa ndugu yangu."

"Ndugu zako nawajua wote."

"Huyu humjui. Hatukuzaliwa pamoja. Ametufanya ndugu ng'ombe."

Placidia akakaa.  

"Nieleze," alisema.

Baino alikuwa mtu wa maneno machache, lakini ukigusa habari za ng'ombe humnyamazishi. Akaeleza. Alipokuwa akijiandaa kutoa mahari, ng'ombe wote wa kwao kule Kyerwa walikuwa wamefungiwa karantini, ugonjwa wa miguu na midomo. Hakuna hata ndama aliyeruhusiwa kutoka. Na mama yake Placidia alikuwa amesema wazi: posa bila ng'ombe aliye hai, amesimama uani kwa miguu yake, asiletewe.

"Nikaenda kumlilia rafiki yangu. Tumekua naye zizi moja, alichunga ng'ombe wa baba. Baba alimlipa mtamba, akamlea mwenyewe, akawa ng'ombe wa kutazamwa. Nikamwambia shida yangu. Hakuniuliza nitamrudishia lini. Alinigabia."

Kugabia, kwa watu wa Baino, si kuazima wala si kuuza. Ni kumpa mtu ng'ombe kwa moyo, na tangu siku hiyo ninyi ni ndugu.

"Na kwetu," Baino aliendelea, "ng'ombe wa kugabiwa akitoka kwenda kuoa, wimbo wake ndio unaofungua muziki. Si mwingine. Bwana na bibi harusi wanaucheza, na aliyemtoa amesimama katikati yao na watu, anaonekana. Baba alifunguliwa muziki hivyo. Babu pia. Nikipiga wimbo mwingine, wazee wangu watainuka wote, pilau wataiacha mezani."

"Yesu wangu, pilau!" alisema Yustus.

"Na yeye aliomba nini?" aliuliza Placidia.

"Hakuomba hata soda. Aliniambia tu, wimbo nitauimba mwenyewe, urekodi kwenye simu."

"Anaitwa nani?"

Alijua. Aliuliza ili Mungu apate nafasi ya kubadilisha jibu.

"Cassian. Yuko hapo Kanoni, amejenga. Ana kigugumizi, ukimsikia utacheka."

"Sitacheka," alisema Placidia.

Kanoni! Si Uganda. Kanoni, ambako mtu anatoka asubuhi na jioni amerudi na mkungu wake wa ndizi.

"Alijua ng'ombe wake anakwenda nyumba gani?"

"Nilimtajia. Nikamwambia ni kwa Mama Benadeta, Nyaishozi, nyumba yenye geti la bluu.  Kesho yake akaenda kumfungua kamba."

Msomaji, kuna kuachwa, na kuna kuachwa halafu ukakabidhiwa. Cassian alijua. Alijua geti, alijua mama, alijua binti aliyemo ndani. Akafungua kamba.

Placidia akasimama. "Nakwenda nyumbani mara moja. Kuna jambo nimuulize mama."

"Shemeji, MC anapita hapa saa kumi na moja kuchukua nyimbo," Yustus alimkumbusha. "Nimwambieje? Huu au ule wako wa kwaya?"

"Mwambie asubiri."

"MC hasubiri, anasubiriwa."

Lakini Placidia alikuwa ameshapanda bodaboda.

*

Mama Benadeta alikuwa amepiga magoti uani, anageuza kahawa kwenye mkeka kwa viganja. Nyuma yake kibanja chote kilikuwa kijani, migomba imebeba, na kwenye mgomba wa mwisho alikuwa amefungwa ng'ombe mwekundu wa giza, anatafuna polepole, kama mgeni aliyeridhika.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Mmechagua? Usiniambie mmechagua zile za kukatika viuno. Padri anakaa meza ya mbele."

"Mama, Cassian yuko Kanoni."

Viganja vikasimama juu ya kahawa.

"Cassian yupi?"

"Mama."

"Basi amerudi. Watu huenda na hurudi."

"Hajawahi kwenda popote. Wewe ndiye uliyeniambia ameoa Uganda. Ulisema umesikia kwa watu wa mnadani. Ni watu gani hao?"

Mama Benadeta alifanya kosa dogo, kosa la jicho: alimtazama ng'ombe. Akatazama haraka pembeni, lakini alikuwa amechelewa.

"Mama," Placidia alisema, na sauti yake ikawa ndogo sana, "kwa nini umemtazama ng'ombe?"

"Nimetazama kama ana maji."

"Kwa nini umemtazama ng'ombe, mama?"

Mwanamke yule alijifuta viganja kwenye kitenge. Alikuwa amemlea binti peke yake tangu mumewe alipofariki, na kulia mbele yake hakujui. Hata sasa hakulia. Alizungumza akiitazama kahawa.

"Alikuja."

"Lini?"

"Wewe ulikuwa Bukoba chuoni. Alikuja na wazee wawili, sijui aliwaazima wapi, mmoja viatu vilikuwa vikubwa kwake. Na huyo ng'ombe anamvuta kwa kamba. Wametembea kwa miguu."

"Alisema nini?"

"Angesema nini yule? Alisimama hapo ulipo wewe. Alihangaika na neno moja mpaka mishipa ya shingo ikamtoka. Nikaona huruma, nikamsaidia kulimaliza. Nikasema, unataka kusema Placidia? Placidia amekataa. Ameniagiza nikwambie hawezi kulala na mtu anayenuka samadi."

Upepo ulipita kwenye majani ya migomba, ukaenda zake. Placidia alingoja mama aseme kwamba anatania.

"Nilisema mimi hivyo?"

"Nilisema mimi."

"Akafanyaje?"

Mama Benadeta aliokota punje ya kahawa iliyooza, akaitupa.

"Alinishukuru. 'A-asante mama.' Kisha akageuka. Ng'ombe ndiye aliyekataa kuondoka, ameshaona majani. Nikamchapa na mpini wa jembe, akaruka, akajigonga kwenye nguzo ya geti. Ncha ya pembe ikakatika."

Placidia alimtazama ng'ombe. Pembe ya kushoto haikuwa na ncha. Siku ya mahari wajomba waliisema sana pembe ile, wakitafuta kasoro kama ilivyo desturi ya wajomba, na yeye alicheka nao, amejifunika khanga mpya, bibi harusi mtarajiwa.

"Kwa hiyo siku Baino alipomleta ulimtambua."

"Nilimtambua bado yuko barabarani."

"Na ukapiga vigelegele."

"Watu walikuwa wananitazama! Ulitaka nifanyeje, nilie? Nilipiga vigelegele mpaka koo likauma. Ukiona mama anapiga vigelegele hivyo, ujue kuna kitu anakifunika."

"Kwa nini, mama?"

"Kwa nini?" Sasa alisimama. "Kahawa hii nimeichuma wewe ukiwa mgongoni. Nimekusomesha kwa kahawa hii. Nikutoe hapa ukafuate mikia ya ng'ombe wa watu porini, huna hata mgomba wa kivuli?"

"Na Baino hafuati mikia?"

"Baino anafuata ya kwao!"

Kungekuwa na mtu wa tatu pale angecheka. Hapakuwa na mtu wa tatu.

Mama Benadeta akasogea, akamshika binti yake mkono, na sauti yake ikalainika, jambo lililotisha zaidi kuliko kelele. "Nisikilize, mwanangu. Baino ni mpole. Rudi umwambie, mimi wimbo huo siutaki, mambo ya ng'ombe siyajui. Ataongea na wazee wake. Piga ule wa kwaya, Jumamosi ipite. Ukifungua mdomo leo, Cassian humpati, maana huyo ni mtu wa kukubali kila anachoambiwa, na Baino unampoteza. Utabaki na mimi na kahawa. Ndicho unachotaka?"

Na ukweli ni kwamba alisema sawa. Hilo ndilo lililomuuma Placidia kuliko uongo wote. Wimbo mmoja tu ubadilishwe, na maisha yake yamenyooka. Aseme sipendi. Neno moja, jepesi, ambalo mabibi harusi husema kila siku kuhusu maua na keki.

"Mama, ulimwambia mtu nimesema ananuka."

"Ndiyo."

"Miaka miwili anaamka na neno hilo."

Mama akarudi kwenye kahawa yake. Placidia alitoka getini, na safari hii hakutafuta bodaboda. Alitembea, vumbi la barabara likimpanda mpaka magotini, na wanaokaanga mihogo kando ya njia wakimpigia kelele, "Bibi harusi! Mbona unatembea kama unakwenda msibani?"

*

Baino alikuwa amekaa kwenye benchi nje ya kibanda, anakunywa chai. Alipomwona akasimama, akampanguzia nafasi kwa kofia.

"Waitu, mwenzangu, keti. Umetembea jua lote hili?"

Laiti angemkuta mkali! Laiti angekuwa mlevi, mgomvi, mtu wa kumsema vibaya. Lakini alikuwa amemnunulia chai yake tayari, ameifunika kwa kisahani isiingie nzi.

"Baino, nikikwambia jambo, utanisikiliza mpaka mwisho?"

"Sema."

Akamwambia. Alimwambia yote amesimama, chai ikipoa: kijana aliyekuwa akileta maziwa senta kwa pikipiki ya tajiri wake, "wewe" badala ya jina, chuo cha Bukoba, wazee wawili wa kuazima, samadi, mpini wa jembe, pembe. Hakumpamba mama wala hakumlaani. Ndani ya kibanda Yustus alikuwa anafuta spika moja ile ile mpaka ikang'aa.

Alipomaliza, Baino aliketi tena kwenye benchi.

"Aliniambia yupo msichana," alisema hatimaye. "Zamani. Nikamtania, nikamuuliza jina. Akajaribu, akashindwa. Nikacheka, Placidia. Nilicheka, nikasema jina gani hilo la kumnyonga mtu."

"Hukujua."

"Sasa najua." Aligeuza kofia mikononi. "Ng'ombe wa kugabiwa harudishwi. Kumrudisha ni kumtemea mtu mate usoni mbele ya ukoo wake. Na mwanamke wa ndugu yako humwoi. Yote mawili nimefundishwa na baba yangu, siku moja, mdomo mmoja. Sasa wewe uliyesoma, nionyeshe pa kupita."

"Sijui, Baino."

"Unataka nini?"

"Nataka ajue kwamba sikusema. Hilo tu. Halafu unifanye utakavyo."

Baino alichukua simu. Hakuuliza zaidi. Alitafuta jina, akapiga, akaweka sauti ya nje, akaiweka simu juu ya benchi kati ya vikombe viwili vya chai. Ikaita. Ikaita.

"B-B-Baino! B-bwana harusi!"

Placidia alifumba macho.

"Ndugu yangu," alisema Baino. "Habari za hapo?"

"N-njema. Wi-wimbo umefika?"

"Umefika. Kuna mtu hapa anataka kukusalimia."

Akamsogezea simu. Na Placidia, ambaye njia nzima alikuwa amepanga maneno yake vizuri, akakuta yamebaki machache tu.

"Cassian. Ni mimi."

Upande wa pili kulikuwa na jogoo, na mtoto wa jirani anaita mbuzi. Kisha sauti ikasema:

"Placidia."

Safi. Bila kukwama. Herufi ya kwanza ilipita kama haijawahi kuwa ngumu. Placidia alimtazama Baino, na Baino akamtazama yeye; wote wawili walikuwa wamesikia.

"Sikukukataa," alisema, na sasa yalimtoka yote kwa mkupuo. "Nilikuwa Bukoba. Hakuna aliyeniuliza. Neno lile sikulisema, Cassian, sijawahi hata kuliwaza, niliambiwa umeoa Uganda, nilikusubiri likizo mbili nzima, nilikaa pale penye madumu ya maziwa mpaka wakanizoea. Sikukukataa."

Kilichokuja ni sauti ya mwanaume anayejaribu kulia asisikike. Kisha simu ikakwaruza, ikahama mikono.

"Haloo," ikasema sauti ya mwanamke.

Placidia akanyoosha kidole kukata.

"Usikate. Mimi ni Anonciata, mke wake. Wewe ndiye Placidia wa Nyaishozi?"

"Ndiyo, dada. Samahani, sikujua kwamba..."

"Najua hukujua. Hakuna aliyejua chochote, isipokuwa mimi." Sauti haikuwa na ukali. Ilikuwa imechoka. "Umesikia alivyolitaja jina lako?"

"Nimesikia."

"Unajua amejifunzia wapi? Yule ng'ombe alikuwa anaitwa hivyo. Kila asubuhi nawasha moto, namsikia mume wangu zizini. Placidia, simama. Placidia, sogea nikukamue. Placidia, leo mbona hujala? Jina linatoka kama maji. Na mimi akitaka chumvi ananiita 'wewe'. Anonciata linamshinda."

"Kwenye wimbo," Placidia alinong'ona, "amemwita Bihogo."

"Kwa sababu nilikuwa nimekaa pembeni yake anarekodi."

Baino aliweka mkono usoni.

"Shemeji Baino kama unanisikia, nisamehe," Anonciata aliendelea. "Ulipokuja kulia huna ng'ombe, ulidhani ni moyo wa rafiki yako. Ulikuwa wangu. Nilimwambia usiku ule ule: ama huyo ng'ombe, ama mimi. Na aliponiambia unakwenda kuoa kwa nani, nilisema vizuri. Jina limfuate mwenyewe. Nikasema sasa nitalala."

"Dada Anonciata..."

"Ngoja nimalize, muda wa maongezi si wa kwangu. Sikutukani. Mama yako alitufanyia haya sote wanne. Lakini umeshasema ulichotaka kusema, umekitua, na mimi ndiye nitakayebaki nacho humu ndani na tumbo langu hili. Kwa hiyo nakuomba kitu kimoja kama mwanamke. Jumamosi tumealikwa, tutakuja. Nitakaa mbele. Usibadilishe wimbo. Uucheze mpaka mwisho. Mimi nataka kuuona ukiisha."

Simu ikakatika.

 Ndani ya kibanda hata Yustus alikuwa ameacha spika yake, amesimama mlangoni na kitambaa mkononi, macho mekundu, hajali tena kuonekana anasikiliza.

Baino ndiye aliyezungumza kwanza. Hakumtazama.

"Nikuulize jambo moja. Ukinijibu, sitauliza lingine."

"Uliza."

"Siku ile. Ungekuwepo nyumbani, ukamwona pale getini na wale wazee wake na ng'ombe wake. Ungemkubali?"

Hapa ndipo alipoweza kujiokoa. Angesema sijui. Angesema yamepita. Angesema nilikuwa mtoto, sikujielewa, na mwanaume huyu mpole angemeza jibu hilo na kulishukuru, na Jumamosi ingefika na keki yake. Mama yake angekuwa pale angemfinya.

Placidia alimtazama mtu aliyemfunikia chai kwa kisahani.

"Ndiyo," alisema.

Baino akatikisa kichwa taratibu, kama anayehesabu ng'ombe wakipita mlangoni na kukuta hesabu imetimia. Akavaa kofia. Akaenda kwenye pikipiki yake.

"Yustus."

"Naam, kaka."

"Mwambie MC wimbo wa kufungulia ni huo huo. Asiubadilishe mtu."

"Sawa, kaka." Yustus alimeza mate. Akamtazama bibi harusi aliyeinama kwenye benchi, akamtazama bwana harusi aliyekwisha kaa kwenye pikipiki. "Ila kaka, MC ataniuliza. Anatangaza majina. Bibi harusi anafungua muziki na nani?"

Baino alipiga kiki. Mara ya kwanza ikagoma. Ya pili ikawaka, na jibu lake, kama alikuwa nalo, likamezwa na mlio.

Placidia aliinua uso mara moja tu, kumwona akifika barabarani. Hakushika njia ya kwao Kyerwa. Alikata kona, akainama juu ya usukani, na kushika njia ya Kanoni.